Fischer, Anand, Polgár au Simutowe: kijana wa Lubumbashi afuate njia ya nani?

Mwezi uliopita kijana mmoja wa Katuba, hapa Lubumbashi, ana miaka 14, alifika kwenye darasa langu la sataranji Jumamosi kama kawaida yake, akapanga kete, halafu akaniambia bila kuinua macho: “Yaya, Fischer aliacha masomo na miaka kumi na sita, na akakuwa bingwa wa dunia. Mimi nangojea nini?”

Siku ile sikumjibu. Nilimwambia acheze kwanza. Lakini swali limenikaa kichwani, kwa sababu najua kwamba minervali, yaani ada ya shule, ya muhula huu kwao bado haijalipwa, na mtoto anayetafuta sababu ya kuacha shule hakosi kuiona, hata kwenye ubao wa sataranji. Wazazi nao huniuliza jambo lilelile kwa upande wao: mchezo huu utamfikisha wapi mwanangu?

Basi nimekaa nikawapanga wachezaji wanne, mmoja kando ya mwenzake. Nani alikuwa mkali zaidi si swali langu leo. Ninachotaka kupima ni maisha: mtu alianzaje, nani alimshika mkono, shule aliipa nafasi gani, na mchezo ulimwachia nini alipotoka mezani. Kasparov na Carlsen nimewaacha kando kwa makusudi. Kasparov alipoteza baba akiwa na miaka 7, hilo wengi wetu tunalielewa, lakini nyuma yake kulikuwa na Umoja wa Kisovieti mzima, na shule ya Botvinnik, bingwa wa dunia wa zamani, iliyomlea tangu utotoni. Carlsen alipokuwa na miaka 12 hivi, wazazi wake waliwatoa watoto shuleni kwa mwaka mzima, wakazunguka nao Ulaya kwa gari, kutoka shindano hadi shindano. Ni wachezaji wa ajabu. Njia zao zinaanzia mahali ambapo mguu wetu haufiki.

Fischer

Bobby Fischer alizaliwa Chicago mwaka 1943, akakulia Brooklyn, New York, kwa mama aliyewalea yeye na dada yake peke yake. Alikuwa na miaka 6 dada yake alipoleta nyumbani seti ya sataranji, wakajifunza wawili kwa kusoma maelezo yaliyokuja nayo. Akiwa na miaka 14 alikuwa bingwa wa Marekani. Akiwa na 15, mwaka 1958, akawa grandmasta, cheo cha juu kabisa cha mchezo huu, na hakuna aliyewahi kupata cheo hicho akiwa mdogo hivyo kabla yake. Ubingwa wa Marekani aliuchukua mara 8, na ule wa msimu wa 1963/64 alishinda michezo yote 11, bila hata sare moja.

Halafu ukaja mwaka 1971. Katika kumtafuta wa kumkabili bingwa wa dunia, alimpiga Mark Taimanov 6–0, kisha Bent Larsen 6–0. Kwa asiyeujua mchezo huu: katika ngazi ile sare ndiyo chakula cha kila siku, na mtu akishinda kwa tofauti ya mchezo mmoja watu humpongeza. Mwaka uliofuata, Reykjavík, Iceland, alipoteza mchezo wa kwanza dhidi ya Boris Spassky, wa pili hakutokea kabisa, akawa nyuma 2–0. Akainuka na kumaliza 12½–8½.

Kwa hiyo kijana wangu hakudanganya. Fischer aliacha shule ya sekondari na miaka 16, akawa bingwa na miaka 29. Ila kuna mambo mawili ambayo hakuyaona.

La kwanza, Fischer aliacha shule lakini hakuacha kusoma. Alijifunza Kirusi ili aweze kusoma majarida ya sataranji ya Kisovieti, kwa sababu maarifa bora ya wakati ule yalikuwa yameandikwa kwa lugha hiyo. Mtoto anayesema kitabu kinamchosha, halafu anamtaja Fischer, anataja mtu asiyemjua. Na alikuwa New York: klabu kubwa za sataranji zilikuwa mjini mwake, mwalimu John Collins alimfungulia nyumba yake, wapinzani wakali aliwapata bila kuvuka mpaka wowote. Ngazi ilikuwa imesimama tayari, yeye alipanda.

La pili ni yale yaliyofuata. Baada ya Reykjavík, miaka 20 ilipita bila yeye kucheza hata mchezo mmoja wa mashindano. Mwaka 1975 ubingwa ulikwenda kwa Anatoly Karpov bila kete kusogezwa, kwa kuwa Fischer hakukubali masharti ya pambano. Mwaka 1992 alirudi kucheza na Spassky huko Yugoslavia, nchi iliyokuwa chini ya vikwazo, na Marekani ikatoa hati ya kumkamata. Hakurudi kwao tena. Alisema hadharani maneno mengi ya chuki, hasa juu ya Wayahudi, yeye ambaye mama yake alikuwa Myahudi. Mwaka 2004 alikamatwa uwanja wa ndege wa Narita, Japani, akakaa kizuizini miezi kadhaa mpaka Iceland ilipompa uraia. Akafia Reykjavík tarehe 17 Januari 2008, na miaka 64.

Nasema haya bila furaha yoyote. Michezo ya Fischer ndiyo ninayoipenda kuliko ya mtu mwingine, na ndiyo ninayofundishia: kila hatua ina kazi yake, hakuna kete iliyolala, mtoto anaweza kuona mpango kwa macho. Hata saa zinazotumika leo mashindanoni, zile zinazomwongezea mchezaji sekunde chache kwa kila hatua, wazo lake ni la Fischer. Kwenye ubao mfuate. Usichukue kalenda ya maisha yake.

Anand, kando ya Fischer

Hapa ulinganisho unanisaidia zaidi, kwa sababu mwanzo wao unafanana. Viswanathan Anand naye alianza na miaka 6, naye alifundishiwa nyumbani: mama yake ndiye aliyemwonyesha kete zinavyotembea. Alizaliwa mwaka 1969 kusini mwa India, akakulia Chennai, mji uliokuwa ukiitwa Madras. Alipokuwa mtoto familia ilikaa kwa muda Manila, Ufilipino, kwa kazi ya baba, na huko televisheni ilikuwa na kipindi cha sataranji kilichotoa fumbo kwa watazamaji. Kipindi kilirushwa akiwa shuleni, kwa hiyo mama aliandika fumbo, mtoto akirudi wakalitatua pamoja na kutuma jibu. Zawadi ilikuwa kitabu. Alishinda mara nyingi hadi wenye kipindi wakamwita, wakamwambia achukue vitabu vyote anavyotaka, mradi asitume majibu tena.

Tazama picha hiyo vizuri. Mtoto yuko shuleni, mama ndiye anayeshika kalamu. Kwa wazazi wa komini zetu za Kenya, Ruashi, Kampemba wanaoniambia kwamba wao hawajui sataranji na hawawezi kumsaidia mtoto: kuandika fumbo kwenye karatasi ni msaada mkubwa.

Anand alikuwa bingwa wa dunia wa vijana mwaka 1987, grandmasta wa kwanza wa India mwaka 1988, na masomo aliendelea nayo mpaka shahada ya biashara katika Loyola College ya Chennai. Ubingwa wa dunia usio na mabishano aliupata Mexico City mwaka 2007, akikaribia miaka 38. Umri huo Fischer alikuwa amekwisha kujificha kwa muda mrefu. Anand aliulinda dhidi ya Kramnik mwaka 2008, Topalov 2010, Gelfand 2012. Alipokwenda kucheza na Topalov huko Sofia, majivu ya volkano ya Iceland yalikuwa yamefunga anga la Ulaya. Akasafiri kwa gari kutoka Frankfurt kwa takriban saa 40. Aliomba pambano lisogezwe siku tatu, akapewa siku moja tu. Mchezo wa kwanza alipoteza. Pambano alishinda.

Mwaka 2013 alipoteza taji mbele ya Carlsen, tena Chennai, mjini kwake, watu wake wakitazama. Hapo ndipo namuona mkubwa. Miezi michache baadaye aliingia mashindano ya kumtafuta mpinzani wa Carlsen, akayashinda. Akapoteza tena kwa Carlsen, akaendelea kucheza. Mwaka 2017, na miaka 48, akawa bingwa wa dunia wa michezo ya haraka. India iliyokuwa na grandmasta mmoja mwaka 1988 leo ina zaidi ya 80, na mmoja wao, Gukesh, ambaye Anand alimsaidia kumlea kimchezo, alikuwa bingwa wa dunia Desemba 2024 na miaka 18.

Ukiwaweka wawili hawa bega kwa bega, Fischer alipanda juu kwa kasi zaidi, na kwenye mwaka wake mmoja wa 1971 sidhani Anand amewahi kufanana naye. Lakini Fischer aliondoka na ngazi yake. Anand aliiacha imesimama, wengine wakapanda. Mimi nafundisha watoto kumi na wawili kwa mbao tatu, kete nyingine ni vifuniko vya chupa tulivyoviandika kwa kalamu. Mtu wa namna ya Anand ndiye ninayemhitaji hapa, kuliko wa namna ya Fischer.

Polgár, kwa wenye mabinti

Kila mwaka napata wasichana, na kila mwaka wanapungua wakifika miaka 12 au 13. Kazi za nyumbani zinaongezeka, maji, sokoni, wadogo wa kulea, na mtu anasema mchezo huu ni wa wavulana. Kwa mzazi anayeamini hivyo, Judit Polgár ndiye jibu.

Alizaliwa Budapest, Hungaria, mwaka 1976, mdogo wa mabinti watatu. Baba yao, László, aliamini kwamba kipaji hutengenezwa, hakizaliwi nacho mtu. Yeye na mkewe Klára wakawafundisha watoto nyumbani badala ya kuwapeleka shule, sataranji ikiwa kiini cha kila siku. Wote watatu walifika mbali. Judit alifika mbali zaidi. Desemba 1991 akawa grandmasta na miaka 15 na miezi 4, akivunja rekodi ya Fischer, ambaye alikuwa na miaka 15 na miezi 6. Alikataa kushindania ubingwa wa dunia wa wanawake. Alitaka kucheza na wakali, hata wawe nani. Mwaka 2002 alimshinda Kasparov, yule aliyekuwa amewahi kusema kwamba wanawake si wa mchezo huu. Mwaka 2005 alikuwa wa nane duniani, wanaume na wanawake pamoja, na alama 2735 kwenye kipimo cha nguvu za wachezaji. Alistaafu mwaka 2014, sasa anashughulika na kuingiza sataranji mashuleni.

Lakini mzazi asikimbilie kumtoa mtoto shule kwa sababu ya Polgár, kama kijana wangu alivyotaka kumtumia Fischer. Wazazi wa Polgár wote wawili walikuwa watu wa elimu, na walikaa na watoto wao kila siku kwa miaka. Walibeba shule nzima mabegani mwao, nyumbani.

Karibu na sisi yuko Phiona Mutesi wa Katwe, Kampala. Baba yake alifariki akiwa mtoto mdogo sana, na alifika kwenye darasa la sataranji la mwalimu Robert Katende akimfuata kaka yake, kwa sababu pale watoto walipewa uji. Aliichezea Uganda katika Olimpiadi ya sataranji, na baada ya ile ya Istanbul mwaka 2012 akapata cheo cha ngazi ya kwanza katika vyeo vya wanawake. Kwa alama hawezi kuwekwa mezani na Polgár. Ila sataranji ilimrudisha kwenye masomo mpaka chuo kikuu huko Marekani, na hilo mama wa Katuba anaweza kulielewa mara moja.

Jirani yetu wa Ndola

Nimemweka mwisho yule ninayetaka watoto wetu wamjue kuliko wote, na ambaye kila ninapomtaja wananitazama kama nimemzua.

Toka Lubumbashi, fika Kasumbalesa, vuka mpaka uingie Zambia, pita Chililabombwe, Chingola, Kitwe, utafika Ndola. Ni barabara ya malori ya shaba tunayoijua. Ni nchi ya migodi kama yetu, Kibemba chao kinasikika mpaka kwenye masoko yetu. Hapo ndipo alipozaliwa Amon Simutowe, mwaka 1982, grandmasta wa kwanza kutoka Afrika kusini mwa Sahara.

Ili uone uzito wa jambo hili lazima ujue cheo hicho kinapatikanaje. Unahitaji alama 2500, na unahitaji normu tatu. Normu ni shindano moja, kwa kawaida michezo 9, ambalo umelicheza kwa kiwango cha 2600, tena mbele ya wapinzani wa nchi mbalimbali ambao angalau watatu ni grandmasta. Sasa fikiri: mtoto wa Ndola atawapata wapi grandmasta watatu? Hawapo. Lazima apande ndege. Lazima apate viza, tiketi, mahali pa kulala, halafu acheze na watu waliolala kwao. Mchezaji wa Budapest hupanda treni. Ndiyo sababu cheo kilekile, kwenye karatasi ileile, hakina bei moja.

Mwaka 2000 Simutowe alimaliza wa pili katika ubingwa wa dunia wa vijana huko Yerevan, Armenia. Wa pili duniani, kijana wa Copperbelt, jimbo la migodi ya shaba la Zambia. Ungedhani baada ya hapo milango ilifunguka. Normu ya tatu aliipata mwaka 2007 huko Arnhem, Uholanzi, na cheo chenyewe kikaja mwaka 2009. Miaka tisa. Katikati ya miaka hiyo alikuwa akisoma: uchumi na fedha katika University of Texas at Dallas, chuo kinachotoa nafasi za masomo kwa wachezaji wa sataranji, baadaye akaenda Oxford. Shule ndiyo iliyomfikisha mahali ambapo wapinzani walikuwa. Hili ndilo nililotaka kumwambia kijana wa Katuba siku ile na maneno yakanikosa: kwa mtu wa upande wetu, darasa ni sehemu ya barabara ya kufikia ubao.

Shindano lile la Arnhem lilikuwa na jina la Max Euwe, Mholanzi aliyemshinda Alekhine mwaka 1935 akawa bingwa wa dunia. Kazi yake ilikuwa mwalimu wa hisabati.

Iko njia nyingine pia. Mshindi wa ubingwa wa Afrika anaweza kupewa cheo moja kwa moja. Ndivyo Kenny Solomon wa Mitchells Plain, Cape Town, alivyokuwa grandmasta wa kwanza wa Afrika Kusini, baada ya kushinda Windhoek mwaka 2014. Lakini kwenye shindano hilo utakutana na Wamisri, na miongoni mwao Bassem Amin, Mwafrika wa kwanza kupita alama 2700. Ni daktari wa tiba, amesomea udaktari mpaka mwisho.

Kama unachagua leo

Mtoto aliyeanza kujua kete na anataka kuelewa mchezo, mpe michezo ya Fischer. Usimpe ya Carlsen bado. Ushindi wake mwingi unajengwa kwa vitu vidogo mno kwa jicho changa, na mtoto atadhani hakuna kilichotokea. Mtu mzima anayerudi toka kazini jioni, anayedhani amechelewa, asome maisha ya Anand, hasa kuanzia mwaka 2007. Msichana wa miaka 12 aonyeshwe mchezo wa Polgár dhidi ya Kasparov kabla ya mtu yeyote kumwambia lolote, na mama yake asimuliwe habari ya Mutesi. Kama una mega chache kwenye simu, usizimalize kwa video ndefu: michezo yenyewe ni maandishi tu, mchezo mzima wa hatua 40 ni mwepesi kuliko picha moja, na unaweza kuunakili daftarini na kuucheza usiku umeme ukikatika, kwa mshumaa.

Na kijana mwenye kipaji kweli, anayeshinda wakubwa, anayetaka kwenda mbali, afuate njia ya Simutowe. Hata kama Fischer ndiye anayemfurahisha. Nimelipima hili kila upande na sioni jibu jingine kwa mtu wa hapa.

Jumamosi iliyopita nilimwambia yule kijana yote haya, polepole, kete zikiwa mezani. Alinyamaza muda. Kisha akauliza: “Huyo Simutowe, alipita Kasumbalesa?” Nikamwambia sijui, lakini kwao na kwetu ni barabara moja. Akataka kujua kama Exetat, mtihani wa taifa wa kumaliza sekondari, inahitajika mtu anapoomba chuo cha nje. Inahitajika, nikamwambia.

Minervali bado haijalipwa. Mimi na wazazi wawili wengine tumeanza kuchanga, na mjomba wake ameahidi sehemu. Jumamosi ijayo tunaucheza upya mchezo wa sita wa Reykjavík, ule ambao Fischer alipomaliza hata Spassky alimpigia makofi. Nimemwomba yeye awasomee wenzake hatua kutoka daftarini. Mwandiko wake ndio unaosomeka.